Wahariri Waliojizuia Kukata

Tarehe 15 Aprili 1945 jeshi la Uingereza liliingia kambi ya mateso ya Wanazi ya Bergen-Belsen, kaskazini mwa Ujerumani, likakuta maelfu ya maiti zimetapakaa bila kuzikwa. Wapigapicha wa jeshi walirekodi. Mikanda ilipofika London, mtayarishaji Sidney Bernstein aliwakabidhi wahariri Stewart McAllister na Peter Tanner watengeneze filamu ya kuwaonyesha Wajerumani yaliyotendwa na utawala wao.

Mhariri wa filamu huishi kwa kukata na kuunganisha. Safari hii kila kiungo kilikuwa hatari, kwani Bernstein alihofia watu watadai picha zimetungwa. Rafiki yake, mwongozaji wa filamu Alfred Hitchcock, alikuja kushauri: tumieni picha ndefu, kamera izunguke taratibu bila mkato. Alitaka pia ramani za kuonyesha jinsi kambi zilivyopakana na makazi ya watu, asije mtu akasema hakujua.

Miaka mingi baadaye Tanner alikuwa bado anaikumbuka picha moja. Viongozi wa dini, wakiwemo padri Mkatoliki na rabi wa Kiyahudi, wanatembea kambini. Kamera inakwenda nao na kuona wanachokiona, mwanzo hadi mwisho. Ukiikata katikati, mbishi atasema padri alipigwa picha kwingine na maiti kwingine. Ikibaki nzima, hana pa kushika. Kwangu mimi, hapo ndipo ustadi wa wahariri hawa ulipo: kushinda na picha zile mezani, mkasi mkononi, na kujizuia.

Siasa ikaingilia. Waingereza sasa waliwahitaji Wajerumani katika kuijenga upya Ujerumani, na Septemba 1945 kazi ilisimama, sehemu 5 kati ya 6 zikiwa zimeunganishwa. Mwaka 1952 makopo ya filamu yalihamishiwa makumbusho ya Imperial War Museum. Filamu ilionyeshwa Berlin mwaka 1984, pungufu vilevile.

Makumbusho hayo ndiyo yaliyoikamilisha, mwaka 2014. Wataalamu walifuata orodha ya picha waliyoiacha wahariri, wakaijenga sehemu ya sita, inayohusu kambi za Auschwitz na Majdanek, kwa picha za Wasovieti. Maelezo ya 1945 yalisomwa upya na kurekodiwa, pamoja na kasoro yake kubwa: hayasemi waziwazi kwamba walengwa wakuu wa mauaji hayo walikuwa Wayahudi. Picha hazikukatwa, lakini maneno yaliwapunguza waliouawa.