Nguruwe kibete si nguruwe mdogo

Mwambie mfugaji wa Muheza kwamba unatafuta nguruwe mdogo wa kununua, naye atakuuliza, "Wa miezi mingapi?" Atakupeleka bandani, akuchagulie mmoja aliyekwisha kuachishwa ziwa na anayekula pumba mwenyewe. Mkikubaliana bei, atamfunga miguu na kumtia kwenye kiroba. Mfugaji huyo hakukosea. Katika Kiswahili cha bandani, udogo wa mnyama ni umri wake. Nguruwe mdogo wa leo, akiwa wa mbegu ya Large White au Landrace na akalishwa vizuri, atapita kilo 200.

Yuko nguruwe mwingine ambaye udogo wake hauhusu umri. Huzaliwa akiwa mdogo sana, na akishakomaa, akazaa, akazeeka, uzito wake hubaki chini sana ya ule wa nguruwe wa kawaida. Wanawe huwa vivyo hivyo, na wajukuu pia. Maabara za dawa zinamtumia, madaktari wa upasuaji wamechukua figo yake, na katika miji ya Ulaya na Marekani wapo wanaomlaza sebuleni. Anayefasiri maelezo ya dawa au kuandika kitabu cha mifugo kwa Kiswahili lazima apate jina la kumwita. Makala hii inatetea jina "nguruwe kibete", na inapendekeza mpaka wake: litaje mbegu ya mnyama, lisitaje kazi anayofanyishwa.

Majina yanayogombea nafasi

"Nguruwe mdogo" tumekwisha kuona linakoishia. "Kinguruwe" lina kasoro mbili. Kiambishi ki- hudogosha na papo hapo hudharau, tena msikilizaji hajui kama anaambiwa habari za mtoto au za mnyama duni. "Nguruwe aliyedumaa" ni kosa kubwa zaidi, kwa kuwa kudumaa ni matokeo ya njaa, minyoo au maradhi. Aliyedumaa angeweza kuwa mkubwa, ila alinyimwa.

Wengine hupendekeza "nguruwe mbilikimo". Neno hilo limebandikwa jamii za watu wa misitu ya Kongo, ambao hawakuulizwa kama wanalitaka. Kulichukua jina hilo na kumvika nguruwe ni tusi juu ya tusi, na mwambao mzima utaling'amua mara moja.

Linabaki "kibete". Mtu akiitwa hivyo usoni huumia, na ni haki yake kuumia. Hata hivyo, kwa vitu na viumbe visivyo watu neno hili limekwisha kupata kazi ya kitaalamu isiyo na kejeli. Pluto ilipoondolewa kwenye orodha ya sayari kubwa mwaka 2006, kundi lake liliitwa kwa Kiswahili "sayari kibete", na hakuna aliyelalamika.

Umbo la istilahi hii nalo ni la nyumbani. Wafugaji husema kuku kishingo kwa yule asiye na manyoya shingoni, na kuku kibwenzi kwa mwenye kishungi. Jina la mbegu hufuata jina la mnyama moja kwa moja, bila "wa" katikati. Wakulima wa mwambao wana mnazi kitamli, ambao huzaa ungali chini, mtu akaangua dafu amesimama, ilhali mnazi mrefu wa kawaida unamtaka mkwezi. Hakuna mtu wa Pangani anayedhani kitamli ni mche uliochelewa kukua au uliokosa mvua. Kila mtu anajua kwamba ufupi ni mbegu yake. Maana hiyo hiyo ndiyo tunayoitaka kwa nguruwe.

Katika wingi tuseme "nguruwe vibete", na upatanisho ubaki wa viumbe wenye uhai: nguruwe vibete hawa wanakula, wamezaa, wameuzwa.

Mbegu zenyewe

Nguruwe vibete wa maabara ni kazi ya mikono ya watu. Mwaka 1949 Taasisi ya Hormel ya Chuo Kikuu cha Minnesota, Marekani, ilianza kuchanganya nguruwe wadogo waliotoka pande mbalimbali za nchi hiyo, wakiwamo wa mwituni wa kisiwa cha Catalina, na baadaye wengine kutoka Guam. Miaka ya 1960 Chuo Kikuu cha Göttingen, Ujerumani, kiliwachukua hao wa Minnesota, kikawapandisha na nguruwe wa Vietnam wenye tumbo la kuning'inia, kisha na Landrace wa Kijerumani ili wapate ngozi nyeupe. Nguruwe wa Göttingen aliyekomaa huwa na kilo 35 hadi 45. Mbegu ya tatu ni ya Yucatán, Mexico, iliyofikishwa Chuo Kikuu cha Jimbo la Colorado mwaka 1960. Huyo ni mzito zaidi, hufika kilo 70 na ushei. Ubete, basi, hupimwa kwa kulinganisha na jamii ya nguruwe, wala haumaanishi mnyama wa kubeba kwapani.

Istilahi hii haiwahusu wanyama wa mwituni. Ngiri wa Mkomazi na Saadani ni ngiri, na nguruwe pori anayefukua mihogo ya wakulima kando ya misitu ya Usambara ni nguruwe pori. Yule mdogo kuliko wote, anayeishi kwenye nyasi ndefu za Assam, India, na mwenye kilo zisizofika kumi, ni spishi mbali iliyo hatarini kutoweka. Yeye atafutiwe jina lake, labda "nguruwe-nyasi", asichanganywe na mbegu za kufugwa.

Maabarani

Kwa desturi, dawa mpya hujaribiwa kwa wanyama wa aina mbili kabla ya kufika kwa binadamu. Mmoja huwa mgugunaji kama panya, wa pili huwa si mgugunaji. Kwa miaka mingi huyo wa pili alikuwa mbwa au nyani, na leo nguruwe kibete ana nafasi kubwa. Wakazi wa Korogwe wanazijua hatua za mwisho za safari hiyo. Korogwe ilikuwa miongoni mwa vituo 11 vya Afrika vilivyoshiriki majaribio makubwa ya chanjo ya malaria ya RTS,S kuanzia mwaka 2009, na Oktoba 2021 Shirika la Afya Duniani likaipendekeza kwa watoto. Kazi ya wanyama hutangulia yote hayo, na hufanyika mbali na macho ya watu.

Nguruwe anafaa kwa sababu ngozi yake imeshikamana na mafuta ya chini yake kama yetu, ina manyoya machache, na hupitisha dawa ya kupaka kwa namna inayokaribia ya mtu. Moyo wake na mishipa yake hufanana na yetu kwa ukubwa na mpangilio. Umuhimu wa ubete uko kwenye mizani. Kipimo cha dawa hupigiwa hesabu kwa kilo. Nguruwe wa kawaida katika miezi sita huongezeka uzito mara nyingi, hata dawa iliyotosha wiki ya kwanza ikawa si kitu mwishoni, na dawa ya majaribio huwa adimu na ghali. Kibete haongezeki hivyo.

Namna anavyoshikwa inaonyesha jinsi kazi hii ilivyopangwa. Hafungwi kamba wala hagandamizwi chini. Huzoeshwa kidogo kidogo kulala kwenye machela ya kitambaa yenye matundu manne, miguu ikashuka kila mmoja kwenye tundu lake, tumbo likaegemea kitambaa. Akishazoea hutulia, na mhudumu humtoa damu kidogo huku akimpa kitu cha kutafuna.

Mnyama huyo tumwite "nguruwe wa maabara" pale tunapoitaja kazi hiyo. Si kila nguruwe wa maabara ni kibete, na si kila kibete yuko maabara.

Upande wa viungo vya mwili unadai uangalifu zaidi. Januari 2022 madaktari wa Chuo Kikuu cha Maryland walimpandikizia David Bennett moyo wa nguruwe, akaishi nao miezi miwili. Nguruwe yule alikuwa amebadilishwa jeni kumi. Mojawapo ni ile inayoupokea ujumbe wa homoni ya ukuaji, ambayo ilizimwa ili moyo usije ukakua kupita kifua cha mwenyewe. Machi 2024 Richard Slayman alipandikiziwa figo katika hospitali kuu ya Massachusetts, Boston, na safari hii mtoa figo alikuwa wa mbegu ya Yucatán. Slayman alifariki takriban miezi miwili baadaye, na hospitali ilisema haikuona dalili kwamba figo ile ndiyo iliyomuua.

Kwa msomaji wa Tanga habari hii ina mlango mwingine. Waislamu wengi wa mwambao wanafuata madhehebu ya Shafi, na humo nguruwe ni najisi nzito. Aliyeguswa na majimaji yake huosha mara saba, moja kwa udongo. Papo hapo fiqhi ina mlango wa dharura, na wanazuoni wanajadiliana kuhusu tiba zinazotokana na mnyama huyu. Mjadala huo haukusubiri moyo wa Maryland. Heparini, dawa ya kuzuia damu isigande, sehemu kubwa hutengenezwa kutokana na utumbo wa nguruwe.

Kwa sababu hiyo mfasiri hana ruhusa ya kupaka jina hili sukari. Mitaani watu wana kitimoto, wana mdudu, wana mbuzi katoliki, na majina hayo yanafaa kwa mzaha na kwa kustahiana mbele ya jirani. Mgonjwa anayepewa fomu ya ridhaa atie sahihi anastahili kusoma neno "nguruwe" kamili, ili aamue mwenyewe, au ampelekee shekhe wake swali lililonyooka.

Sebuleni

Miaka ya 1980 nguruwe wa Vietnam wenye tumbo la kuning'inia walianza kufugwa Amerika ya Kaskazini kama wanyama vipenzi. Mwigizaji George Clooney alikaa na wake, aitwaye Max, miaka 18 hivi, hadi alipokufa mwaka 2006. Uwanja wa ndege wa San Francisco mwaka 2016 ulimwajiri LiLou, nguruwe kibete mwenye kucha zilizopakwa rangi, aende akiwaliwaza abiria wenye hofu. Mwaka 2015 kampuni ya BGI ya Shenzhen, China, ilitangaza kwamba ingeuza nguruwe wa kilo 15 hivi kwa yuani 10,000. Waliwapata kwa kuizima jeni ile ile ya homoni ya ukuaji iliyotajwa katika habari za moyo wa Maryland. Mpango wa kuwauza baadaye uliachwa.

Hapa ndipo upungufu wa jina sahihi unapomtoa mtu pesa. Wauzaji walibuni jina la kibiashara linalofananisha nguruwe na kikombe cha chai, wakaonyesha picha za wanyama wanaoenea viganjani. Mnunuzi mwenye shaka akiomba kuwaona wazazi, huonyeshwa dume na jike wadogo kweli, akaridhika. Asichoambiwa ni kwamba nguruwe wa mbegu hizi huweza kubeba mimba akiwa na miezi minne au mitano, na huendelea kukua hadi mwaka wa tatu au zaidi. Wazazi aliowaona ni watoto waliozaa. Mwingine huuziwa mnyama pamoja na maelekezo ya kumpa chakula kiduchu, maana yake ni kumdumaza. Baada ya miaka miwili nyumba ina nguruwe wa kilo 60 anayefukua zulia, na mwenyewe anatafuta wa kumpa.

Ulaghai huo wote unategemea kuchanganya maneno matatu ambayo Kiswahili kinaweza kuyatenga vizuri kabisa: mdogo, aliyedumaa, na kibete. Wa kwanza atakua. Wa pili amenyimwa. Wa tatu ni wa mbegu hiyo. Atakayeuziwa nguruwe wa aina hii popote na aombe kumwona mama mwenye miaka mitatu au minne, si mama ambaye hata mwaka hajatimiza.

Bandani na mezani

Nguruwe vibete wengine hawajawahi kuiona maabara wala sebule. Kunekune wa Wamaori wa New Zealand, mfupi na mnene, alifugwa kwa nyama na mafuta. Miaka ya 1970 alikuwa karibu kutoweka, wafugaji wachache wakamwokoa. Kwa anayefikiria mbegu kama hiyo katika Muheza, Lushoto au Korogwe, ubete unapunguza gharama ya pumba na ukubwa wa banda, na unapunguza pia kilo za kuuza.

Maradhi hayapungui. Homa ya nguruwe ya Afrika, iliyoelezwa kitaalamu kwa mara ya kwanza nchini Kenya mwaka 1921, haina tiba na huweza kumaliza banda zima. Ngiri hubeba virusi vyake bila kuugua, na papasi wa kwenye mashimo yao huvisambaza. Anayefuga karibu na Mkomazi au Saadani na azungushe uzio, na asilishe mabaki ya nyama ya nguruwe yaliyotoka mahotelini. Nguruwe anayezurura akala kinyesi cha watu hupata malengelenge ya tegu mwilini. Mtu akila nyama hiyo bila kuiva hupata tegu, na mayai ya tegu huyo yakimezwa yanaweza kuleta kifafa.

Ingizo la kamusi

Kwa kuzingatia hayo, napendekeza ingizo hili:

nguruwe kibete, wingi nguruwe vibete. Nguruwe wa kufugwa wa mbegu yoyote ambayo uzito wake wa ukomavu, kwa kurithi na si kwa umri, njaa wala maradhi, huwa mdogo sana kuliko wa nguruwe wa kawaida. Kazi yake itajwe kwa neno la pili: nguruwe kibete wa maabara, wa kutoa viungo, wa kipenzi, wa nyama. Lisitumike kwa ngiri, kwa nguruwe pori, wala kwa mtoto wa nguruwe.

Mfano: "Niliuziwa nguruwe mdogo nikidhani ni kibete, sasa ana kilo 120."