Mwenye Manfaa na Mwenye Jina: Kumtoa Mkaazi Mwenza Dubai

Neno Ejari, ambalo ndilo jina la usajili wa mikataba ya nyumba Dubai, kwa Kiarabu maana yake ni "pango langu". Ni neno la ukoo mmoja na ujira wetu na ijara ya vitabu vya fiqhi. Lakini chumba kimoja kikilaliwa na watu wanne, na jina lililoandikwa katika mkataba likawa moja, hilo "langu" ni la nani?

Swali hili ni la kale kuliko majumba ya Deira. Katika madhehebu ya Imamu Shafii, ambayo ndiyo ya Waislamu wengi wa pwani yetu, ijara ni kuuza manfaa kwa muda maalumu. Aliyelipa pango humiliki manfaa hayo mpaka muda uishe, na kwa asili anaweza kumkodisha mwingine, madhali huyo wa pili haitumii nyumba kwa namna ya kuidhuru zaidi. Ada ya pwani haikuwa mbali na hapo. Nyumba za Majengo kule Mombasa, zenye ukumbi katikati na vyumba pande mbili, zilipangishwa chumba kimoja kimoja, na mara nyingi kwa mapatano ya mdomo. Ugomvi ukizuka, waliitwa wazee.

Wazanzibari waliohamia Dubai baada ya Mapinduzi ya 1964, na wafanyabiashara na vibarua wa Kenya na Tanzania waliowafuata miaka ya baadaye, walikuja na mazoea hayo. Chumba cha ami kilikuwa pia cha mpwa aliyeshuka jana. Mpwa akianza kuchangia pango, hakuna aliyesimama kuuliza kama bado ni mgeni au amekwisha kuwa mpangaji. Naona hapo ndipo mashaka yalipoanzia.

Sheria Na. 26 ya 2007 ya Dubai ilikata njia nyingine. Iliagiza mikataba isajiliwe, na ikasema mpangaji hawezi kumpangisha mtu wa pili bila idhini ya maandishi ya mwenye nyumba, ila wakiwa wamepatana vingine. Manfaa ya Imamu Shafii yamewekewa kufuli, na ufunguo anao mwenye mali. Kifungu cha 25 kikaenda mbali zaidi: mpangaji aliyepangisha bila idhini hiyo aweza kutolewa kabla ya mkataba kwisha, na yule wa pili hutolewa pamoja naye. Ila wa pili amebakishiwa haki moja, nayo ni kumdai fidia huyo aliyempangisha.

Chukua mfano ulio wa kawaida. Kijana wa Mombasa anakodi kitanda kwa Mswahili mwenzake katika fleti ya Naif. Analipa kila mwezi mkononi, bila risiti. Wanagombana, na mwenye jina anataka kumtoa usiku huohuo. Je, anaweza? Kubadili kufuli na kutupa mizigo ngazini si hukumu ya mtu yeyote. Kifungu cha 34 kinamkataza hata mwenye nyumba kukata maji na umeme au kumsumbua mpangaji katika makaazi yake, na kinampa mpangaji njia ya kwenda polisi. Lakini mwenye jina naye akikimbilia sheria, atalazimika kueleza alikopata ruhusa ya kupangisha kitanda. Asipokuwa nayo, anayemshitaki mwenzake amejishitaki mwenyewe. Ndiyo maana magomvi mengi ya namna hii humalizwa kimya, mmoja akibeba sanduku lake na mwingine akibaki na amana isiyo yake.

Mpangaji mwenye jina, yeye, analindwa vizuri zaidi. Tangu marekebisho ya Sheria Na. 33 ya 2008, mwenye nyumba anayetaka kuuza, au kukaa mwenyewe, hana budi kutoa notisi ya miezi 12 kupitia Katib al-Adl au kwa barua ya rejista. Mwaka huohuo wa 2008 Manispaa ya Dubai iliendesha kampeni ya villa moja kwa familia moja, na waliokuwa wamekodi vyumba na vitanda humo hawakuwa na karatasi kama hiyo ya kujikingia.

Mashauri yalisikilizwa kwanza na kamati maalumu ya pango. Tangu Amri Na. 26 ya 2013 yanakwenda katika Kituo cha Kusuluhisha Migogoro ya Pango, chini ya Idara ya Ardhi, ambayo makao yake yako Barabara ya Baniyas, Deira, ukingoni mwa khori wanakotia nanga majahazi.

Mwezi Septemba 2022 Idara hiyohiyo iliwataka wenye nyumba na wapangaji wasajili majina ya wote wanaokaa nao. Yule kijana wa Naif, akiandikwa, ataandikwa kuwa mkaazi. Kuwa mpangaji wa halali bado kunahitaji saini ya mwenye nyumba.