Raga Iliposimama Kasindi

Jumatano ya tarehe 28 Septemba 1955, uwanja mpya wa raga wa Ngong Road, Nairobi, ulipokea wageni wakubwa. British Lions, kikosi cha wachezaji teule wa Uingereza, Scotland, Wales na Ireland, kilikuwa njiani kurudi kwao kutoka Afrika Kusini, kikapitia Kenya kupambana na timu ya Afrika Mashariki. Wenyeji walifungwa 39 kwa 12. Hakuna aliyeshangaa. Wageni hao walikuwa wametoka kucheza mechi nne za kimataifa na Springboks, timu ya taifa ya Afrika Kusini, katika ardhi yao, wakashinda mbili na kushindwa mbili.

Moja ya majina yaliyotajwa sana katika ziara ile lilikuwa la kijana wa Dublin, Tony O'Reilly, mwenye umri wa miaka 19. Alirudi nyumbani akiwa amefunga trai 16. Kwa asiyeujua mchezo huu: raga huchezwa na watu 15 kila upande, mpira hubebwa mikononi, na trai ni pale mchezaji anapovuka mstari wa wapinzani na kuugusisha mpira chini. Leo trai ina pointi tano. Siku zile ilikuwa na tatu.

Huku kwetu, mashariki mwa Kongo, kutoka Beni hadi mpaka wa Kasindi ni kilomita 80 hivi. Ukivuka unaingia Mpondwe, Uganda, nchi ambako Waingereza waliipanda raga tangu enzi za ukoloni, na barabara inaendelea hadi Kampala na Nairobi. Magari ya wafanyabiashara wa Butembo yamepita njia hiyo miaka na miaka, yakileta vitambaa, vipuri na sabuni. Raga haikupanda magari hayo. Kwa nini? Anayetaka jibu aanze na utoto wa huyo kijana wa Dublin, kwani maisha yake ya mwanzo yanaonyesha wazi jinsi mchezaji anavyotengenezwa.

Shule iliyochagua mchezo

O'Reilly alizaliwa Dublin tarehe 7 Mei 1936. Akiwa na miaka sita alipelekwa Belvedere, shule ya mapadri Wajezuiti iliyo katikati ya mji, ileile aliyosoma mwandishi James Joyce miaka mingi kabla yake. Huko alikuta raga ikimsubiri. Kulikuwa na walimu wa kuifundisha, viwanja vya kuichezea, na mashindano ya shule za jimbo la Leinster yaliyowajaza wazazi na wanafunzi wa zamani viwanjani.

Katika Ireland ya wakati huo, shule ndiyo iliyoamua mtoto atacheza nini. Shule za Wajezuiti na nyingine za watu wenye uwezo zilicheza raga, mchezo uliotoka Uingereza. Shule za mabruda wa Christian Brothers, zilizosomesha watoto wengi wa wakulima na wafanyakazi, zilishikilia michezo ya Kigaeli, ile ya asili ya Ireland. Kati ya pande hizo mbili ulisimama ukuta. Chama cha michezo ya Kigaeli, GAA, kilichoundwa 1884, kilikuwa na sheria ya kumfungia mwanachama yeyote aliyecheza au hata kutazama michezo ya kigeni, raga na soka zikiwemo. Mwaka 1938 chama hicho kilimwondoa rais wa nchi mwenyewe, Douglas Hyde, katika nafasi ya mlezi wake, kwa kosa la kuhudhuria mechi ya soka. Sheria hiyo ilidumu hadi 1971.

Maana yake ni kwamba mvulana mwenye mbio na mwili kama wa O'Reilly, lakini aliyezaliwa kijijini na kusomeshwa na mabruda, angeishia katika mchezo mwingine kabisa. Huenda angepata sifa huko, lakini Afrika Kusini na Lions asingefika.

Baada ya shule O'Reilly alijiunga na Old Belvedere, klabu ya waliosoma Belvedere, huku akisomea sheria katika University College Dublin, UCD. Tarehe 22 Januari 1955, akiwa bado na miaka 18, aliichezea Ireland kwa mara ya kwanza, dhidi ya Ufaransa. Ireland ilifungwa 5 kwa 3. Msimu huo timu ilipata sare moja tu katika mashindano ya mataifa matano na haikushinda mechi yoyote. Hata hivyo waliochagua kikosi cha Lions waliona walichotaka kuona: winga mrefu, mwenye nywele nyekundu, mwenye uzito uliomtisha beki na mbio zilizomwacha nyuma. Nahodha wa ziara, Robin Thompson, naye alikuwa Muairishi, kutoka upande wa kaskazini. Katika raga kisiwa kizima huchezea timu moja, ingawa kimegawanyika kisiasa tangu miaka ya 1920.

Mpira wa mwisho wa Ellis Park

Lions wa 1955 walikuwa wa kwanza kwenda ziarani kwa ndege. Waliowatangulia walikaa melini wiki nzima na zaidi. Tarehe 6 Agosti waliingia Ellis Park, Johannesburg, mbele ya watazamaji zaidi ya 90,000. Mmoja wao, Reg Higgins, aliumia mguu na kutoka, na kwa kuwa sheria za wakati huo hazikuruhusu mchezaji wa akiba, Lions walibaki 14. Walifunga trai tano, moja ikiwa ya O'Reilly, wakaongoza 23 kwa 11. Kisha Springboks wakaanza kurudi. Dakika za mwisho Theunis Briers alivuka mstari, matokeo yakawa 23 kwa 22, ikabaki teke moja la nyongeza lenye pointi mbili. Mpigaji alikuwa Jack van der Schyff. Mpira ulipita kando ya mlingoti, Lions wakashinda, na van der Schyff hakuitwa tena timu ya taifa.

Baadaye O'Reilly, aliyependa mzaha, aliulizwa alikuwa akifikiria nini wakati teke lile linapigwa. Alijibu kwamba alikuwa akiwasiliana moja kwa moja na Vatikani. Katika mji wa kanisa kama Butembo, jibu hilo halihitaji maelezo.

Alifunga tena katika mechi ya nne, mjini Port Elizabeth, ambayo Lions walishindwa 22 kwa 8. Siku nne baadaye timu ilikuwa Nairobi.

Waliokuwa ndani na waliokuwa nje

Uwanja wa Ngong Road ulikuwa wa Chama cha Raga cha Afrika Mashariki, kilichoanzishwa 1953. Kenya ilikuwa katika hali ya hatari tangu Oktoba 1952 kwa sababu ya vita vya Mau Mau. Aprili 1954 majeshi ya Waingereza yalikuwa yameuzingira mji wa Nairobi na kukamata maelfu kwa maelfu ya watu, wengi wao Wakikuyu, na kuwapeleka kizuizini. Mwaka uliofuata, katika mji huohuo, masetla na maofisa walikaa jukwaani wakishangilia raga.

Timu iliyoitwa ya Afrika Mashariki ilikuwa ya Wazungu. Shule zilizoilisha, kama Prince of Wales na Duke of York, zilipokea watoto wa Kizungu tu. Kijana Mwafrika wa Nairobi hakupungukiwa mbio wala nguvu. Alichokosa ni kile O'Reilly alichokipata akiwa na miaka sita: mlango wa shule uliofunguka, na nyuma yake ngazi yenye vipago vyote, kuanzia darasani hadi klabu, na kutoka klabu hadi timu ya taifa.

Upande wetu wa milima ya Rwenzori

Huku kwetu ngazi ilijengwa na mikono mingine. Mapadri wa shirika la Assomption walifika eneo la Beni mwaka 1929, na mmoja wao, Henri Piérard, akawa askofu wa kwanza. Kanisa la Kongo ya Wabelgiji liliendesha sehemu kubwa ya shule, na mapadri wa Kibelgiji walikuja na mpira wa miguu. Mfano mkubwa ulikuwa mji mkuu, Léopoldville, ambako Padri Raphaël de la Kethulle alijenga shule, vyama vya michezo na viwanja, ukiwemo ule uliofunguliwa 1952 kwa jina la Mfalme Baudouin, ambao leo unaitwa Tata Raphaël kwa heshima yake.

Ngazi hiyo ilizaa matunda katika miaka ileile ya O'Reilly. Mwaka 1954 Léon Mokuna wa Léopoldville alisajiliwa na Sporting ya Lisbon, na 1957 akahamia Gent, Ubelgiji. Mwaka huohuo Paul Bonga Bonga alijiunga na Standard Liège. Ukiwaweka Mokuna na O'Reilly pamoja utaona wanavyofanana: vijana wawili wa miji mikuu ya Kikatoliki, wote wakikulia katika michezo iliyosimamiwa na mapadri. Padri wa Dublin alikuwa na mpira wa yai, padri wa Léopoldville alikuwa na mpira wa duara, na kila mtoto alicheza alichokikuta.

Ndiyo sababu raga ilisimama Kasindi. Mpaka ule ulitenganisha aina mbili za shule. Mwalimu aliyesomeshwa na Mwingereza aliweza kuwa na raga kichwani. Aliyesomeshwa na Mbelgiji hakuwa nayo. Hata Waairishi wenyewe walipofika huku kwetu Kivu kwa wingi hawakuja kucheza. Kikosi cha 32 cha jeshi la Ireland kilitua mwaka 1960 chini ya bendera ya Umoja wa Mataifa, kikapiga kambi Goma, askari wake wakiwa na sare nene za sufu zisizofaa kwa jua la ikweta. Walikuja kulinda amani katika nchi iliyokuwa na wiki chache tu za uhuru.

Ngazi ilipobadilisha wenyewe

Baada ya uhuru, shule za Kenya zilizokuwa za Wazungu zilifungua milango, na raga ikaanza kubadilika sura. Haikuwa kazi ya siku moja. Mwaka 1977 wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Nairobi waliunda timu ya Mean Machine, na msimu wao wa kwanza wakatwaa Kombe la Kenya. Mwaka huohuo ilizaliwa Mwamba, klabu ya wachezaji Waafrika waliotaka nyumba yao wenyewe. Uganda nayo ilifika kileleni: mwaka 2007 iliifunga Madagascar huko Antananarivo na kuwa bingwa wa Afrika.

Matunda makubwa zaidi yalikuja katika raga ya wachezaji saba. Collins Injera alisoma Vihiga, magharibi mwa Kenya, akachezea Mwamba, akamfuata kaka yake Humphrey Kayange katika timu ya taifa. Aprili 2016 Kenya iliifunga Fiji 30 kwa 7 katika fainali ya Singapore, na mwezi uliofuata, London, Injera aliipita rekodi ya dunia ya trai 230 iliyoshikiliwa na Muargentina Santiago Gómez Cora. Mchezo ulioingia kwa ajili ya watoto wa masetla ulikuwa sasa na mfalme kutoka Vihiga.

O'Reilly mwenyewe hakuwahi kung'ara akiwa na jezi ya nchi yake kama alivyong'ara na Lions mwaka 1955. Alirudi na Lions mwaka 1959, Australia na New Zealand, na kufikisha trai 38 katika ziara mbili, rekodi ambayo haijafikiwa. Lakini katika mechi 29 alizochezea Ireland alifunga trai nne tu. Mtu ni yuleyule na mbio ni zilezile. Kilichopungua ni wenzake wa kumfikishia mpira. Kabla hajatimiza miaka 30 alikuwa ameongoza bodi ya maziwa ya Ireland na kuanzisha siagi ya Kerrygold, kisha akapanda hadi kuongoza kampuni ya vyakula ya Heinz, Marekani. Februari 1970 aliitwa ghafla kuichezea Ireland huko Twickenham baada ya kukaa nje miaka saba, akafika mazoezini kwa gari linaloendeshwa na dereva wake. Uzee wake ulikuwa mgumu: mwaka 2015 alitangazwa kufilisika. Alifariki Mei 2024 akiwa na miaka 88.

Katika uwanja wa Matokeo hapa Butembo, na katika vumbi la Beni, wapo wavulana na wasichana wenye mbio za kutosha. Klabu za soka za Nyuki ya Butembo na Capaco ya Beni zimeonyesha kwamba miji hii inaweza kujenga timu, hata baada ya mauaji yaliyoanza Beni Oktoba 2014 na Ebola ya 2018 hadi 2020. Mara nyingi tunapomaliza mechi tunajadili kipaji: nani anacho, nani amekipoteza. Historia ya kijana wa Dublin inatutaka tujadili mambo mengine. Shule ipi ina mwalimu wa michezo anayelipwa? Ni mashindano gani ya shule yanachezwa kila mwaka bila kukosa? Mtoto akimaliza masomo, klabu ipi inampokea? Mji wenye majibu ya maswali hayo matatu utapata wachezaji wake, uwe mpira wa duara au wa yai. Usio nayo utaendelea kusifu vipaji vilivyopotea.