Karl Freund: Mpigapicha Aliyekalia Kiti cha Mwongozaji
Mpigapicha wa filamu ndiye anayeamua mwanga uangukie wapi na kamera itulie au itembee, lakini sifa za filamu kwa kawaida humwendea mwongozaji, ambaye huwaelekeza waigizaji na kubeba dhamana ya kazi nzima. Karl Freund, aliyezaliwa Bohemia mwaka 1890 na kukulia Berlin, alizifanya kazi zote mbili.

Aliingia katika fani hii akiwa kijana wa miaka 15, kwa kujifunza kuendesha mtambo wa kuonyeshea filamu. Mwaka 1924 alipiga picha za Der letzte Mann ya F. W. Murnau, kisa cha bawabu wa hoteli anayevuliwa sare yake ya fahari na kupelekwa kuhudumu msalani. Kwa kuwa filamu hiyo isiyo na sauti ilikuwa na kadi moja tu ya maandishi, kamera ndiyo iliyolazimika kusimulia: mwanzoni inashuka ndani ya lifti kisha inapita ukumbini ikiwa juu ya baiskeli, na katika tukio la ulevi Freund aliifunga kifuani akapepesuka nayo, ili mtazamaji aone kama mlevi aonavyo.

Alihamia Marekani mwaka 1929, na baada ya kupiga picha za Dracula (1931), kampuni ya Universal ilimkabidhi uongozaji wa The Mummy (1932). Katika tukio la kwanza, maiti iliyokaushwa, iliyoigizwa na Boris Karloff, inafumbua macho kidogo tu, mkono unaonekana ukichukua hati, kisha vipande vya sanda vinaburuzwa mlangoni, huku kijana aliyeshuhudia akiangua kicheko cha kichaa. Kutisha huko kulitokana na kile ambacho kamera ilikataa kukionyesha, na uamuzi wa namna hiyo ni wa mpigapicha.

Baada ya Mad Love (1935) hakuongoza tena filamu. Alirudi kwenye kamera, akapata tuzo ya Oscar kwa The Good Earth (1937), na kuanzia 1951 alisimamia upigaji picha wa tamthilia ya televisheni I Love Lucy, iliyopigwa kwa kamera tatu kwa wakati mmoja mbele ya hadhira. Uongozaji, basi, haukuwa kilele cha kazi yake. Ulikuwa sehemu ndogo tu ya maisha marefu ya fundi wa mwanga.