Ajira ya huruma

Ajira ya huruma ni utaratibu wa kumpa kazi serikalini mjane, mgane au mtoto wa mtumishi wa umma aliyefariki akiwa kazini, bila kumshindanisha na waombaji wengine. Umestawi zaidi India, ambako serikali kuu hutenga hadi asilimia 5 ya nafasi mpya za ngazi za chini kwa ajili hiyo. Mwaka 1994 Mahakama ya Juu ya huko, katika shauri la Umesh Kumar Nagpal dhidi ya Jimbo la Haryana, iliuwekea mpaka: kazi hiyo ni ya kuivusha familia kwenye dhiki ya ghafla, wala si urithi.

Tanzania haina utaratibu huo. Sheria ya Utumishi wa Umma ya 2002 inataka nafasi zijazwe kwa ushindani, na marekebisho ya 2007 yakaleta Sekretarieti ya Ajira. Kijana wa Bombambili, kata ya Manispaa ya Songea mkoani Ruvuma, aliyefiwa na mama yake muuguzi, huomba kazi kwa vyeti vyake mwenyewe na kukaa kwenye usaili pamoja na mtoto wa mkulima wa mahindi. Kuomba apewe “nafasi ya marehemu” hakumsaidii. Msimamo huo ni mchungu msibani, lakini ni wa haki. Katika mkoa wa wakulima kama Ruvuma, nafasi zikirithiwa, mtoto ambaye kwao hakuna aliyewahi kuajiriwa na serikali angeingilia wapi?

Familia hubaki na stahiki, si kiti. Kanuni za Kudumu za Utumishi wa Umma za 2009 zinampa mwajiri jukumu la jeneza na kusafirisha mwili. Mshahara nao hukoma; tangu msako wa watumishi hewa wa 2016, jina la marehemu likisahaulika kwenye orodha ya malipo, ofisa utumishi ana maswali ya kujibu.

Mzigo mkubwa huangukia PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii kwa watumishi wa umma ulioanza Agosti 2018 baada ya mifuko ya PSPF, LAPF, PPF na GEPF kuunganishwa. Mwanachama huchangia asilimia 5 ya mshahara wake na mwajiri asilimia 15, na akifariki, wategemezi wake hulipwa mafao kwa masharti ya sheria. Kifo kikiwa kimetokana na kazi, tuseme ajali akiwa safari ya kikazi, familia hudai pia Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF, uliowekwa na sheria ya 2008 na kuanza kazi 2015.

Ugumu umo kwenye karatasi. Hutakiwa cheti cha kifo kutoka RITA, wakala wa usajili wa vizazi na vifo, kisha ukoo hukaa kikao, humpendekeza msimamizi wa mirathi na kuandika muhtasari wa kupeleka mahakamani. Mahakama ya Mwanzo husikiliza mirathi ya kimila na ya Kiislamu. Mirathi ya Mkristo aliyeishi nje ya mila za kabila lake huangaliwa kwa Sheria ya Urithi ya India ya 1865, ambayo Waingereza waliileta na bado inatumika, basi hupelekwa ngazi ya juu zaidi. Msimamizi aliyeteuliwa na Mahakama ya Mwanzo ana miezi minne ya kuwasilisha orodha ya mali na madeni.

Hapo ndipo msiba hugeuka ugomvi. Ndoa ya kimila haina cheti, mke wa pili anajitokeza siku ya arobaini, mtoto ana jina moja kwenye cheti cha kuzaliwa na jingine shuleni. Kila tofauti ya jina hudai hati ya kiapo, na wakati huo ada na kodi ya nyumba hazisubiri.

Mtumishi aliye hai anaweza kuwapunguzia wanawe safari hizo: apeleke kwa mwajiri wake cheti cha ndoa na vyeti vya kuzaliwa vya watoto wote, wa ndani na wa nje ya ndoa, na ahakikishe majina yanalingana na yaliyoko PSSSF.