Barua za Majemadari na Vyeti vya Askari

Habari za vita kwa desturi huelezwa kwa mapigano: nani alishinda, nani alikimbia, mizinga mingapi ilitekwa. Leo napenda tuitazame Vita Kuu ya 1914 hata 1918 katika nchi yetu kwa njia nyingine, yaani kwa barua walizoandikiana wakubwa wa majeshi. Maana barua ya mtu huonyesha moyo wake mahali ambapo amri yake huuficha. Tena sisi tuliojaliwa kusoma na kuandika yatupasa kujua karatasi zilifanya kazi gani katika vita ile, na zilimfaa nani.

Vita ilipotangazwa, Agosti 1914, nchi ilikuwa chini ya Wadachi, yaani Wajerumani. Mkubwa wa askari wao alikuwa Paul von Lettow-Vorbeck, aliyefika hapa mwezi wa Januari mwaka ule ule. Tarehe 8 Agosti manowari ya Kiingereza iitwayo Astraea ilipiga mizinga mahali pa simu ya upepo Dar es Salaam. Gavana Heinrich Schnee hakutaka mji uharibiwe, akaelekea kupatana na Waingereza. Lettow-Vorbeck hakupendezwa na mapatano hayo. Yeye alikuwa akikusanya askari wake Pugu, katika vilima vilivyo nyuma ya Temeke na Ukonga, mwendo wa siku moja kwa miguu kutoka mjini. Hivyo vita ile kubwa ilianza kupangwa karibu kabisa na mashamba ambayo leo yamejaa nyumba zetu.

Hata mwaka 1916 Waingereza wakamleta Jemadari Jan Smuts wa Afrika Kusini. Mtu huyu mwenyewe alikuwa amepigana na Waingereza katika vita ya Makaburu ya 1899 hata 1902, akajua vema maana ya kufuatwa porini na jeshi kubwa. Akawasukuma Wadachi kutoka Kilimanjaro mpaka kupita Morogoro, hata mto Mgeta. Dar es Salaam ikatwaliwa tarehe 4 Septemba 1916. Mwisho wa mwezi ule Smuts akawaandikia Wadachi kuwataka wajitoe, kwa kuwa hawana tumaini tena. Lettow-Vorbeck aliisoma barua ile kwa akili nyingine. Aliona kwamba adui ambaye bado ana nguvu hupiga, wala haombi. Basi aombapo kwa barua, nguvu zake zimefikia mwisho. Akakataa, akaendelea na vita miaka miwili zaidi. Hapa tunajifunza kwamba katika barua yafaa kusoma maneno yaliyoandikwa, na pia kuuliza kwa nini yameandikwa siku ile.

Baadaye ikaja barua ya pili, nayo ilikuwa ya faragha. Kaisari wa Ujerumani alikuwa amempa Lettow-Vorbeck nishani kubwa ya vita, Pour le Mérite, mwezi wa Novemba 1916. Lakini yule jemadari alikuwa porini upande wa Rufiji, amekatiwa njia za habari. Aliyempasha habari ni adui yake. Smuts alimwandikia kwamba amepewa nishani hiyo, akatumaini kwamba pongezi zake hazitakataliwa. Lettow-Vorbeck kwanza alidhani Smuts amekosea, amechanganya na nishani ndogo zaidi aliyokwisha kupata. Walakini alijibu kwa adabu ile ile, na baada ya vita aliitaja barua hiyo katika kitabu chake, kuwa ni ushuhuda wa heshima iliyokuwapo baina ya pande mbili.

Urafiki wao haukuishia hapo. Mwaka 1929 Lettow-Vorbeck alialikwa London, akala karamu pamoja na wale waliompiga vita. Na baada ya vita ya pili ya dunia, alipokuwa maskini, nyumba yake imebomolewa kwa mabomu na wanawe wawili wameuawa, Smuts alikuwa miongoni mwa waliompelekea chakula. Kumlisha adui mwenye njaa ni jambo jema, wala sina neno la kulipunguza.

Lakini tuulize: wakati barua zile za adabu zilipokuwa zikiandikwa, nani aliyebeba mizigo ya waandishi? Wahenga walisema wapiganapo tembo wawili, ziumiazo ni nyasi. Katika vita hii nyasi zenyewe zilitwishwa mizigo. Mbung'o waliua farasi na ng'ombe, basi risasi na unga vikachukuliwa vichwani mwa watu. Watu walikamatwa vijijini kwa maelfu, pande zote mbili. Kwa upande wa Waingereza peke yao, wapagazi waliokufa wanakadiriwa kukaribia laki moja, nao wengi walikufa kwa kuhara, homa na njaa kuliko kwa risasi. Jina la Kariakoo, soko letu kubwa, limetokana na Carrier Corps, kikosi cha wapagazi kilichokuwa na kambi pale baada ya Waingereza kuingia mjini. Ugogoni nako majeshi yalichukua nafaka na ng'ombe, na mvua zilipokosa kunyesha ikaja njaa kuu ambayo Wagogo waliiita Mtunya. Hao wote hawakuandikiwa barua ya pongezi na mtu yeyote.

Sasa tuje kwenye habari ya mwisho. Vita ilikoma Ulaya tarehe 11 Novemba 1918. Lettow-Vorbeck hakujua. Tarehe 13 watu wake walikuwa Kasama, katika nchi iitwayo leo Zambia. Ndipo ilipowafikia simu ya Jemadari van Deventer, aliyekuja baadaye kushika kazi ya Smuts, ya kusema kwamba mapatano yametiwa sahihi na vita ikome. Tarehe 25 Novemba wakaweka silaha chini huko Abercorn, mji uitwao sasa Mbala: Wazungu wapatao 155, askari wapatao 1,160, na wapagazi zaidi ya 1,500.

Askari na wapagazi hao walikuwa wakidai mishahara ya siku nyingi. Lettow-Vorbeck hakuwa na fedha. Akawaomba Waingereza watoe rupia milioni moja na nusu, kwa kuwa aliona ni deni la heshima. Asipewe. Basi ikaandikwa orodha ya madai, na kila mtu akapewa cheti cha kuonyesha anachodai. Tazameni tofauti: barua ya jemadari kwa jemadari ilipata jibu hata katikati ya vita, lakini cheti cha askari kilingoja. Madai mengine yalilipwa baada ya miaka; wenye madai wengine walizeeka na karatasi zao.

Mwaka 1964, mwaka aliokufa Lettow-Vorbeck, serikali ya Ujerumani ya Magharibi ilitoa fedha za kuwalipa askari wazee waliobaki. Inasimuliwa kwamba huko Mwanza walikuja wazee mamia kadhaa, lakini wenye vyeti walikuwa wachache. Wengine walileta vipande vya nguo zao za zamani. Basi mlipaji akampa kila mmoja ufagio kama bunduki, akatoa amri za kwata kwa Kidachi. Inasemekana hapana hata mmoja aliyekosea. Karatasi ilikuwa imeliwa na mchwa, mwili ulikuwa ungali unakumbuka.

Lakini mpagazi angefanya nini? Hapana kwata ya mpagazi. Sanamu ya Askari iliyosimamishwa mjini Dar es Salaam mwaka 1927 huwataja askari na wapagazi kwa jumla, bila jina la mtu. Mwaka 2021 tume ya Jumuiya ya Madola itunzayo makaburi ya vita iliomba radhi kwamba Waafrika wengi mno waliokufa hawakuandikwa majina.

Basi, ndugu wasomaji, ahadi ni deni, na deni lililoandikwa huwa zito zaidi kwa yule aliyeliandika. Ukimwajiri mtu, andika jina lake na ujira wake, umlipe angali na nguvu za kuutumia. Ukipewa cheti, kihifadhi mbali na mchwa. Tena ukiwa na babu au bibi aliyesikia kwa wazazi wake habari za safari zile za mizigo, keti naye jioni, uandike majina anayoyakumbuka. Barua za majemadari zimekwisha kutunzwa katika vitabu vyao. Majina haya hayana mtunzaji mwingine ila sisi.