Sauti Kabla ya Sura: Taarabu na Televisheni ya Mwanzo

Nimekulia Wazo, chini ya kilima kinachochimbwa mawe ya saruji, na taarabu niliisikia miaka mingi kabla ya kuiona. Iliniingia kupitia redio ya marehemu mama. Sura za waimbaji nilizibuni mwenyewe kutokana na maneno yao.

Zanzibar ilianzisha televisheni mwaka 1973, nayo ikawa ya kwanza ya rangi katika Afrika kusini mwa Sahara. Sisi wa bara tulingoja hadi 1994. Kwa miaka 20 hivi taifa moja likawa na hadhira mbili: ya Visiwani, iliyoweza kutazama na kusikiliza, na ya bara, iliyotegemea masikio peke yake.

Chombo kipya hakikukuta sanaa changa. Nadi Ikhwan Safaa iliasisiwa 1905, na Culture Musical Club 1958. Siti binti Saad alikwenda Bombay kurekodi mwaka 1928, zama ambazo upande mmoja wa santuri ulibeba dakika tatu hivi. Kila chombo, basi, kilikuja na kipimo chake juu ya utungo.

Kwa desturi ya Unguja, malenga hutangulia. Huandika beti, aghalabu za mizani 16 kwa mshororo, kisha mtia lahani huzitafutia sauti. Kati ya ubeti na ubeti, fidla, udi na ganuni hujibu. Redioni, muda huo wa ala humpa msikilizaji nafasi ya kuyatafakari maneno. Kwenye kioo, jicho huujaza kwa uso wa mwimbaji. Tena matangazo ya moja kwa moja hayana kifutio: uzi wa fidla ukikatika, wote wameona.

Mama, mzaliwa wa Ng'ambo, alikuwa akisimulia jinsi alivyomwona kwa mara ya kwanza mwimbaji aliyempenda, kwenye televisheni ya jirani. Alitazama nguo, pete na mikono. Kulipokucha hakukumbuka hata ubeti mmoja, ilhali nyimbo za redioni alizihifadhi hadi uzeeni.

Nilimkumbuka juzi, kijana wa mtaani kwetu aliponiletea shairi lake nimpunguzie beti mbili. Analitengenezea video, na picha, alisema, zitatosha. Ubeti mmoja niliukata. Kweli ulieleza tu njia na nyumba. Wa pili nilikataa. Ulimtaja mama anayefuta vumbi la saruji dirishani kila asubuhi, akijua kwamba jioni litarudi. Kamera itaonesha kitambaa na dirisha. Huko kujua kwake itakuonesha vipi?

Kijana hakuridhika, na shairi bado liko mezani pangu. Watunzi wenzangu, ninyi mngeukata?